Kitambaa Kisicho na Maandishi: Vitabu vya Mavazi na Msomaji wa Bunia

1.0 Utangulizi

Vitabu vinavyohusu mavazi, mitindo na starehe za juani havijapata nafasi kubwa katika uhakiki wa Kiswahili. Aghalabu huhesabiwa kuwa vitabu vya picha, vya kupekuliwa na msafiri anayesubiri ndege, au huachiwa wanaanthropolojia na wanahistoria. Mhakiki wa fasihi huviruka kwa kudhani kwamba havina fani wala maudhui yanayomhusu. Makala hii inachunguza baadhi ya vitabu hivyo, na inavipima kwa kuviweka mbele ya msomaji ambaye havikumlenga, yaani msomaji wa Bunia, makao makuu ya jimbo la Ituri katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo.

Uteuzi wa Bunia una sababu. Kwanza, ni mji ambao Kiswahili ndicho lugha ya soko, ya jirani na ya kanisa kwa watu ambao nyumbani huzungumza Kihema, Kilendu, Kibira, Kialuru, Kilugbara na lugha nyingine. Pili, ni mji wenye vyuo vikuu, kwa hiyo una wasomaji na wanafunzi wanaoweza kudai kitabu kinachowahusu. Tatu, ni mji ambao watu wake hujali sana kuvaa, ingawa hauna pwani ya bahari, hauna watalii wengi, na umepita katika vita vya miaka ya 1999 hadi 2003 na katika machafuko yaliyoanza upya vijijini mwa Djugu mwishoni mwa mwaka 2017. Mavazi yake hayajapata kitabu kwa Kiswahili.

Hoja ya makala hii ni kwamba upungufu huo umetokana na namna wataalamu wa Kiswahili walivyozoea kusoma. Wamejifunza kulisoma vazi pale ambapo vazi lina maandishi, na pale yasipokuwapo wamenyamaza. Ili kuithibitisha hoja hiyo ni vyema kuanza na vazi ambalo limesomwa kuliko yote, yaani kanga.

2.0 Kanga na wasomaji wake

Kanga, au leso kama inavyoitwa na Waswahili wengi wa Kenya, ina sehemu tatu zinazojulikana: pindo, mji na jina. Jina ndilo usemi uliopigwa chapa chini ya mji, hapo awali kwa hati za Kiarabu na baadaye kwa hati za Kirumi. Kwa sababu ya jina hilo, kanga imewavutia watafiti wa lugha. Saida Yahya-Othman, katika makala yake ya mwaka 1997 iliyotoka katika jarida la Swahili Forum, aliyachunguza majina ya kanga kama sauti ya wanawake, na kuonyesha jinsi mvaaji anavyoweza kusema jambo zito kisha asiweze kushikwa kwa alilolisema, kwa kuwa kitambaa ndicho kilichosema. Rose Marie Beck, katika kitabu chake cha Kijerumani Texte auf Textilien in Ostafrika (2001), aliendeleza uchunguzi wa utata huo wa mawasiliano kwa urefu zaidi. Sharifa Zawawi naye aliandika Kanga: The Cloth that Speaks (2005), kitabu ambacho jina lake lenyewe linatangaza kwamba kitambaa hiki husema.

Kazi hizi zote ni za maana. Zimemwondoa mvaaji katika hali ya kuwa pambo na kumfanya kuwa msemaji. Hata hivyo, zinaegemea sharti moja ambalo halitajwi waziwazi, nalo ni kuwapo kwa herufi. Mtafiti wa lugha aliikaribia kanga kwa sababu aliona juu yake kitu anachokifahamu, yaani sentensi. Laiti kanga ingekuwa na pindo na mji pasipo jina, huenda ingeachiwa wachuuzi.

Upo upande mwingine wa vitabu vya kanga ambao haukujali sana sentensi. Mwaka 1984 kilitoka Nairobi kitabu kidogo, Kangas: 101 Uses, kilichoandikwa na Jeannette Hanby na kuchorwa na David Bygott. Waandishi hawa walikuwa wanasayansi wa wanyama, si wanaisimu. Kitabu chao, kama kinavyojitambulisha, kinahesabu matumizi: kujifunga kiunoni, kujitanda, kubebea mtoto, kuvaa ufukweni. Wasomi wengi wangekiona kuwa mchezo. Lakini kina sifa ambayo vitabu vizito vingekosa, yaani kinaonyesha mikono ikifanya kazi. Michoro yake inamfundisha mtu jinsi ncha mbili zinavyofungwa nyuma ya shingo na jinsi kitambaa kinavyokunjwa kisidondoke. Kuvaa ni ujuzi, na ujuzi huo unaweza kuelezwa. Hilo ni jambo la kukumbukwa tutakapofika Bunia.

Kasoro ya kitabu hicho ni ya mahali kinapomweka mvaaji. Jua lake ni jua la mapumziko. Mtu anayejifunga kanga ufukweni humo ni mtu aliyetoka kuogelea, na kanga imekuwa nguo nyepesi ya siku isiyo na kazi. Jua hilo hilo linaonekana katika vitabu vikubwa vya picha vilivyofuata, mathalan Zanzibar Style (2001) cha Gemma Pitcher na Javed Jafferji, ambamo neno "mtindo" limehama kutoka mwilini mwa mtu na kuingia katika nyumba, samani na rangi za kuta. Katika vitabu vya aina hii jua huja kwa ajili ya mgeni.

Msomaji wa Bunia anaposhika kitabu cha namna hiyo, jambo la kwanza analoliona geni ni jua lenyewe. Ufuko ulio karibu naye ni ule wa Ziwa Albert, katika bonde la Ufa, huko Kasenyi na Tchomia. Ni ufuko wa wavuvi, wa wanaokausha na kubanika samaki, na wa maboti yanayovuka kwenda na kurudi Uganda. Watu hucheka huko, vijana huogelea, na Jumapili wapo wanaoshuka kutoka mjini kustarehe. Lakini kitambaa anachojifunga mwanamke anayepokea samaki ni cha kumkinga jua na maji wakati wa kazi, na akipumzika kitambaa ni kilekile. Huko kazi na starehe zinavaa nguo moja. Kitabu kinachotenga jua la starehe na jua la kazi hakiwezi kumweleza mwanamke huyo.

3.0 Kikwembe na jina lisiloandikwa

Vazi linalotawala Bunia si kanga. Ni kitambaa cha nta ambacho Waswahili wa Tanzania na Kenya hukiita kitenge, na ambacho katika Kiswahili cha Kongo ya mashariki huitwa kikwembe, kwa wingi bikwembe. Kwa vazi la heshima, kitambaa hicho hushonwa blauzi, ambayo Wakongo wengi huiita libaya kwa kufuata Kilingala, pamoja na sketi ya kubana au ya kujifunga, na mara nyingi kipande cha pili hufungwa juu ya nyonga. Huvaliwa harusini, msibani, kanisani na siku ya tarehe 8 Machi, ambapo vikundi vya wanawake hupita barabarani wakiwa wamevaa sare ya kitambaa kimoja. Kikwembe pia ni mali. Huwekwa sandukuni bila kukatwa, huingia katika mahari, huuzwa wakati wa shida, na ni miongoni mwa vitu vya kwanza kufungwa katika furushi watu wanapolazimika kukimbia.

Historia ya kitambaa hiki inajulikana. Ni mwigo wa batiki ya Java uliotengenezwa kwa mashine huko Ulaya; kampuni ya Vlisco ya Helmond, Uholanzi, ilianza kazi mwaka 1846. Baadaye vilikuja vitambaa vya viwanda vya Afrika yenyewe, kikiwemo kiwanda cha SOTEXKI cha Kisangani, na hatimaye vitambaa vya bei nafuu kutoka China. Bidhaa nyingi za Bunia hupita Uganda, kwa njia ya Mahagi na Aru au kwa maboti ya ziwani.

La kuzingatia ni tofauti moja kati ya kikwembe na kanga. Kanga hufika dukani ikiwa na jina lake juu yake. Kikwembe hufika bila neno, isipokuwa chapa ya kiwanda pembezoni. Jina lake hutolewa na wauzaji na wavaaji. Katika Afrika ya Magharibi na Kongo zimejulikana nakshi zilizopewa majina kama "plagi sita", kwa kuashiria gari lenye injini kubwa na mwenye uwezo wa kulinunua, au ile ya ndege na tundu lililo wazi, ambayo jina lake la Kifaransa lina maana ya "ukitoka nami natoka", onyo la mke kwa mume mwenye kuzurura. Majina haya yana utata uleule ambao Yahya-Othman na Beck waliuona katika kanga: husema na kukana, hulenga mtu bila kumtaja. Tofauti ni kwamba hayakuandikwa. Yamo kinywani mwa muuzaji na sikioni mwa mnunuzi.

Kwa hiyo, kwa mtazamo wa fasihi simulizi, kikwembe ni tanzu kamili. Kina mtunzi asiyejulikana, kina hadhira, kina muktadha wa utendaji, na matini yake hubadilika toka soko hadi soko. Nakshi moja inaweza kuitwa jina moja Kinshasa na jingine katika miji ya mashariki, na jina likipotea nakshi hupewa jipya. Wataalamu wa Kiswahili wamekusanya misemo, vitendawili, majigambo na majina ya kanga. Majina ya bikwembe yamewapita, kwa sababu hakuna herufi iliyowaita. Waliofanya kazi hiyo kwa upana zaidi ni wataalamu wa vitambaa. Anne Grosfilley, katika kitabu chake cha Kifaransa Wax & Co. (2017), amekusanya nakshi nyingi na kueleza majina na safari zake. Ni kitabu chenye manufaa. Hata hivyo kinalitazama bara zima kutoka kwenye nakshi, ilhali mwanafunzi wa Kiswahili angeanza na mazungumzo ya mezani sokoni, pale jina linapotamkwa na bei inapopanda.

4.0 Albamu ya mshonaji

Ingekuwa kosa kusema kwamba Bunia haina kitabu chochote cha mitindo. Kinacho kila mshonaji. Ni albamu ya picha, au bango kubwa lililopangwa safu za wanawake waliovaa mishono mbalimbali, lililobandikwa ukutani juu ya cherehani. Siku hizi simu ya mkononi imechukua sehemu ya kazi hiyo, lakini namna ya kusoma haijabadilika. Picha hizo hazina maelezo, na pengine zina namba tu.

Mteja hasomi kitabu hicho kutoka mwanzo hadi mwisho. Huelekeza kidole: mikono ichukuliwe ya huyu, shingo ya yule, urefu uongezwe kwa sababu ni nguo ya kanisani. Mshonaji naye hujibu: kitambaa hakitoshi, nakshi yenye ndege wakubwa itakatika vibaya begani, mshono huu unamtaka mtu mrefu. Hapo pana uhakiki wa kweli. Pana ulinganisho wa matini, pana kukubali na kukataa, pana vigezo vya urembo na vya adabu, na pana istilahi za mshono, za sehemu za nguo, za kubana na kuachia, za rangi inayomkubali mtu na isiyomkubali. Mazungumzo hayo ni ya Kiswahili, pamoja na maneno ya Kifaransa na Kilingala yaliyokwisha kuzoea viambishi vya Kiswahili. Hayajaandikwa popote.

Ikiwa Hanby na Bygott waliweza kuchora namna ya kufunga kanga na kuifanya kitabu, basi ujuzi wa mshonaji na mteja wake unaweza kuandikwa vilevile. Kikwazo kinachotajwa mara kwa mara ni lugha. Husemwa kwamba Kiswahili cha Ituri, kile kilichoitwa Kingwana katika maandishi ya wakoloni, ni cha kusema tu na hakifai kuandikwa, kwa kuwa kinapunguza upatanisho wa kisarufi na kuchanganya maneno. Kikwazo hiki hakina nguvu. Mwaka 1965 huko Elisabethville, Lubumbashi ya leo, André Yav aliandika kwa Kiswahili cha Kongo historia ya mji huo kwa niaba ya waliokuwa watumishi wa nyumbani, na Johannes Fabian akaichapisha pamoja na uchambuzi mwaka 1990. Kiswahili hicho kilibeba historia ya mji mzima kama walivyoiona waliopiga pasi na kupika. Hakiwezi kushindwa kubeba mshono wa libaya.

5.0 Nguo ya gome: mbinu iliyokwishapatikana

Mtu anaweza kuuliza: kitambaa kisicho na herufi husomwaje? Jibu moja limo Ituri kwenyewe, magharibi ya Bunia, katika msitu wa Mambasa. Kwa Wambuti, nguo ya asili ilitokana na gome la mti. Wanaume waliligonga gome kwa nyundo hadi likalainika na kutanuka, nao wanawake wakalichora kwa vidole na vijiti, wakitumia rangi nyeusi ya utomvu wa tunda la mgardenia uliochanganywa na masizi. Michoro yake ni ya mistari, nukta na vipande vilivyoachwa wazi kwa makusudi. Nguo hizo zilivaliwa kiunoni, na zilionekana zaidi katika ngoma na sherehe.

Kitabu cha Georges Meurant na Robert Farris Thompson, Mbuti Design, kilichotoka katikati ya miaka ya 1990, kimeikusanya michoro hiyo. Umuhimu wa mchango wa Thompson ni mbinu yake. Hakutafuta maana ya alama moja moja, kana kwamba kila nukta ni neno katika kamusi. Aliilinganisha michoro na muziki wa msituni, ambamo sauti nyingi huingiliana, moja ikinyamaza ili nyingine isikike. Kwa njia hiyo nafasi tupu katika mchoro zinapata kazi, na kukatika kwa mstari kunakuwa uamuzi wa mchoraji. Hapa msomaji anaonyeshwa kwamba kitambaa bila maandishi kinaweza kuhakikiwa kwa ukali uleule unaotumiwa kuhakiki shairi, ilimradi mhakiki aanze na sanaa ambayo wavaaji wenyewe wanaithamini.

Ila kitabu hicho nacho kina pengo, ambalo ni pengo la makusanyo mengi ya sanaa za Afrika. Nguo zilifika katika majumba ya makumbusho na kwa wanunuzi bila majina ya wanawake waliozichora. Tunao mkono wa msanii na hatuna jina lake. Kwa hiyo funzo la kitabu hiki kwa mtafiti wa kikwembe ni la namna mbili: achukue mbinu yake ya kusoma, lakini ayaandike majina mapema, kabla mchoraji, muuzaji na mshonaji hawajasahaulika.

6.0 Suti, karipio na onyo

Mpaka hapa makala imezungumzia mavazi ya wanawake. Kwa upande wa wanaume, Kongo imepata vitabu vingi zaidi kuliko nchi nyingi, kwa sababu ya Sape, utamaduni wa vijana wa kuvaa mavazi ya fahari. Justin-Daniel Gandoulou alikwisha kuuchunguza kisayansi katika Dandies à Bacongo (1989). Alain Mabanckou aliufanya riwaya katika Bleu-Blanc-Rouge (1998), ambamo kijana Massala-Massala anavutwa na mavazi na maneno ya Moki aliyetoka Paris, anamfuata huko, na kukuta chumba kilichojaa watu, hati za bandia, kukamatwa na kurudishwa. Kisha Daniele Tamagni alitoa picha zake katika Gentlemen of Bacongo (2009), na mwanamitindo Paul Smith wa Uingereza akatia humo dibaji yake na kuchukua humo mawazo ya mkusanyo wake wa nguo. Hivyo vijana waliokuwa wakiiga wabunifu wa Ulaya wakawa wao ndio wanaoigwa.

Vitabu hivi havihitaji kukaliwa sana, kwa kuwa vimekwisha kuhakikiwa mahali pengi. Linalohusu hapa ni mahali vinapotazama. Bacongo ni mtaa wa Brazzaville. Kinshasa, alikong'ara Papa Wemba (1949–2016), iko ng'ambo ya mto. Kutoka Kinshasa hadi Bunia ni zaidi ya kilomita 1,500 kwa ndege. Dunia imezoea kuona mtindo wa Kongo kwa jicho la magharibi ya Kongo na kwa lugha ya Kilingala na Kifaransa. Hata neno ambalo wafuasi wa Sape hulitukuza, kitendi, yaani kitambaa kwa Kilingala, linakaribiana na kitenge katika sikio la Mswahili, wala hakuna mhakiki aliyelazimika kuyaweka maneno hayo mawili pamoja, kwa sababu Kiswahili hakimo katika vitabu hivyo.

Lipo pia vazi ambalo Bunia ililivaa pamoja na nchi nzima kwa amri. Katika miaka ya mwanzo ya 1970 utawala wa Mobutu, kwa jina la kurejea asili, uliiondoa tai na suti ya Kizungu na kuleta abakosti, koti ambalo jina lake limetokana na maneno ya Kifaransa yenye maana ya "suti na ianguke". Wanawake nao walitakiwa waache suruali na nguo fupi, wavae kikwembe. Amri hiyo ililegea mwaka 1990 siasa ya vyama vingi iliporuhusiwa. Tanzania ilikuwa imepitia jambo linalofanana na hilo mwaka 1968, pale Umoja wa Vijana wa TANU ulipotangaza Operesheni Vijana dhidi ya sketi fupi, nywele za bandia na suruali za kubana. Katika pande zote mbili serikali na chama vilijifanya wahakiki wa mavazi, na uhakiki wao ulikuwa wa karipio. Kwa kinaya, kitambaa kilichoamriwa kuwa alama ya asili ya Mkongo kilikuwa na asili ya Java na Uholanzi.

7.0 Lawino ng'ambo ya ziwa

Kitabu kinachomkaribia zaidi msomaji wa Bunia hakikutoka Kongo. Ni utenzi wa Okot p'Bitek, Song of Lawino, uliochapishwa mwaka 1966 na baadaye kuletwa kwa Kiswahili na Paul Sozigwa kwa jina la Wimbo wa Lawino. Lawino ni Mwacholi wa Uganda ya kaskazini, na lugha yake ni ndugu wa Kialuru kinachozungumzwa Mahagi, ndani ya Ituri. Mtu wa Mahagi aliyemsikia Lawino akizitaja shanga, mafuta na mitindo ya nywele ya kwao hahitaji maelezo marefu.

Ubora wa kazi hiyo, kwa mada hii, ni kwamba ndani yake mvaaji anasema. Lawino hamtazami Tina, mke mwenzake wa kisasa, kwa jicho la kamera. Anamhakiki kwa kinywa chake mwenyewe, rangi ya midomo, unga wa uso, nywele za bandia, na kila anapomdhihaki analazimika kueleza uzuri wake yeye unatoka wapi. Vazi linakuwa hoja, na hoja inajibika: Ocol, mumewe, alipewa utenzi wa kujibu. Vitabu vya picha vilivyotajwa hapo juu havimpi mvaaji nafasi ya kubishana.

Lakini Lawino anamwacha mwanamke wa Bunia katikati ya njia. Katika utenzi huo kuna asili na kuna mwigo, na msikilizaji anatakiwa achague. Mwanamke wa Bunia si Lawino wala si Tina. Amevaa nakshi ya Java iliyopigwa chapa Uholanzi au China, iliyopita Uganda, ikashonwa kwa cherehani kwa kufuata picha ya ukutani, na anaiita yake. Waswahili husema kwamba nguo ya kuazima haisitiri maungo. Hii ya kwake ilikuja kutoka mbali, lakini imepewa jina na wauzaji, imekatwa kwa kipimo chake, imetolewa mahari, imezika na kuoza. Uhakiki unaoijua njia mbili tu, ya asili na ya mwigo, hauna mahali pa kumweka.

8.0 Hitimisho

Vitabu vilivyochunguzwa vimeonyesha namna mbalimbali za kulikabili vazi. Vitabu vya kanga vimemsikiliza mvaaji, lakini kwa sababu kitambaa chake kina herufi. Vitabu vya starehe za juani vimeeleza ujuzi wa kuvaa, lakini vimemwachia jua mgeni. Vitabu vya Sape vimeupa mtindo wa Kongo umaarufu, lakini kwa lugha na miji ya magharibi. Kitabu cha nguo za gome kimetoa mbinu ya kusoma kisichoandikwa, lakini majina ya wachoraji yamekosekana. Utenzi wa Okot umempa mvaaji kinywa, kisha ukamtaka achague upande.

Kazi iliyobaki inafahamika, na haihitaji fedha nyingi. Mwanafunzi wa Bunia, Kisangani au Dar es Salaam anaweza kwenda sokoni na daftari, akaandika jina la kila nakshi, aliyelitoa, mwaka lilipoingia na kisa chake. Kisha akakaa kwa mshonaji siku kadhaa, akanakili istilahi za mshono kama zinavyotamkwa, bila kuzisahihisha zifanane na za Unguja. Katiba ya Kongo ya mwaka 2006 inakitambua Kiswahili kuwa mojawapo ya lugha 4 za taifa. Utambuzi huo unakuwa na maana pale lugha inapoandika mambo ambayo wasemaji wake wanayashughulikia kila siku.

Kazi hiyo pia ina muda wake. Katika jimbo ambalo watu wamehamahama kwa zaidi ya miaka 20, wauzaji wakongwe wametawanyika, na kila mmoja ameondoka na orodha yake kichwani. Kitambaa kilichofungwa katika furushi kinaweza kuvuka ziwa na kufika salama. Jina lake hufika pale tu anapokuwapo mtu wa kulitamka, na wa kulisikia akalijua.